Farasi wa Mbio Akitazamwa Kutoka Gusii

Ukitoka Keroka ukapita Keumbu hadi Kisii mjini, kisha ukateremka Suneka, utaona ng'ombe wa maziwa kibandani, mbuzi kambani na punda aliyebeba mikungu ya ndizi. Farasi hutamwona. Ukimkuta Gusii, huenda ni wa jiwe: wachongaji wa Tabaka humchonga kwa jiwe la sabuni, awe kete katika sataranji wanazouzia wageni.

Sababu ya kwanza ni ardhi. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 1,266,860 katika kaunti ya Kisii na 605,576 Nyamira, na Kisii peke yake ina watu zaidi ya 900 kwa kila kilomita mraba. Farasi mmoja mzima wa mbio, mwenye uzito wa kilo 500 hivi, hula karibu kilo 10 za nyasi kavu na nafaka kwa siku, hunywa maji lita 25 au zaidi, na anapokua anahitaji uwanda wa kukimbia. Mwenye shamba la ekari moja, lenye chai, migomba, mahindi na kipande cha matete ya ng'ombe, hana pa kumweka.

Sababu ya pili ni maradhi. Upande wa magharibi, Bonde la Lambwe limejulikana kwa miaka mingi kuwa makao ya mbung'o, wadudu wanaoeneza nagana. Ugonjwa mwingine huitwa ugonjwa wa farasi wa Afrika. Virusi vyake huenezwa na usubi, vijidudu vidogo vinavyouma kuanzia magharibi hadi alfajiri. Punda na pundamilia huvumilia. Farasi asiye na kinga mapafu yake hujaa maji, povu jeupe likamtoka puani, na mara nyingi akafa kabla ya wiki kwisha. Ndiyo maana wafugaji wa Kenya huwachanja farasi wao na kuwaingiza bandani kabla giza halijashika.

Wagusii wameuonja uchungu wa maradhi haya bila kumiliki farasi hata mmoja. Mwaka 1916, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, majeshi ya Waingereza chini ya Jenerali Smuts yaliingia Tanganyika ya Wajerumani na vikosi vya wapanda farasi kutoka Afrika Kusini. Mbung'o na usubi waliwamaliza wanyama hao kwa maelfu, na mizigo ikabaki njiani. Ikahamia vichwani mwa watu: vijana wa Gusii wakachukuliwa, pamoja na wengine kutoka pembe zote za nchi, kuwa wapagazi wa Carrier Corps. Makumi ya maelfu ya wapagazi hawakurudi makwao. Jina la kikosi hicho likatamkwa Kariakoo kule Dar es Salaam, na Kariokor kule Nairobi. Upande huohuo wa Nairobi ndipo ulipokuwa uwanja wa zamani wa mbio za farasi, na Barabara ya Race Course ingali na jina lake. Kila nipitapo pale huona ni haki mtu ajue kwamba majina hayo mawili, Kariokor na Race Course, yamekaa jirani.

Chama cha mbio za farasi kilianzishwa 1904, na mwaka 1954 mashindano yakahamia uwanja wa Ngong. Mwaka huohuo Nyandika Maiyoro wa Kisii alikwenda Vancouver kukimbia maili tatu kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola. Miaka 14 baadaye Naftali Temu, mwana wa Nyamira, akaipatia Kenya dhahabu yake ya kwanza ya Olimpiki, mbio za mita 10,000 kule Mexico. Sisi tulitoa miguu yetu wenyewe.

Farasi wa mbio wa Kenya huzaliwa nyanda za baridi za Molo, Njoro na kandokando ya Bonde la Ufa. Mimba huchukua miezi 11. Nasaba yake ni ile ya Kiingereza, ambayo kwa upande wa madume inarudi hadi kwa farasi watatu waliopelekwa Uingereza kutoka nchi za Mashariki, kati ya miaka ya 1680 na 1730. Saa moja au mbili baada ya kuzaliwa mtoto husimama. Akikaribia miaka miwili hufundishwa lijamu mdomoni, tandiko mgongoni, kisha mtu juu ya tandiko, na baadaye mwendo wa matiti, wa thelathi na wa shoti.

Mwili wake ni ajabu yenye udhaifu ndani yake. Kila mguu husimama juu ya kidole kimoja tu, na ukwato ni ukucha wa kidole hicho. Chini ya goti hakuna nyama, ni mfupa na kano peke yake, na kano hizo hupokea uzito wote kwenye mwendo wa zaidi ya kilomita 60 kwa saa. Akiwa shoti, kila hatua huenda na pumzi moja. Hawezi kupumulia mdomoni. Moyo unaopiga mara 35 hivi kwa dakika akiwa ametulia hupita mara 200, na bandama hujikamua na kumwaga kwenye mishipa akiba ya chembe nyekundu za damu. Tena, hawezi kutapika. Akipata msokoto wa tumbo anaweza kufa usiku mmoja.

Basi maisha yake yamo mikononi mwa saisi, mtunzaji wake. Kabla jua halijachomoza pale Ngong, saisi huanza kwa kutazama hori: chakula kimekwisha au kimesalia? Kilichosalia ni habari mbaya. Hutega sikio ubavuni kusikiliza tumbo likinguruma, maana tumbo la farasi mzima halinyamazi. Kisha huinama, akateremsha kiganja polepole nyuma ya kila mguu, kutoka goti hadi kifundo, akitafuta joto. Kano inayoanza kuumia huwa na joto kabla ya kuvimba. Nimemwona saisi akirudia mguu mmoja mara tatu, macho ameyafumba, halafu akamwambia mkufunzi, "Huyu asitoke leo." Mkufunzi hakubisha. Jina la mwenye farasi na la joki huchapishwa kwenye ratiba ya mashindano. La saisi halimo, na kwangu mimi hilo ni kosa.

Viatu vya farasi hubadilishwa kila baada ya wiki nne hadi sita, na kabla na baada ya mbio joki hupimwa pamoja na tandiko. Katika baadhi ya mbio, farasi aliyezoea kushinda huongezewa uzito wa vipande vya madini ya risasi ili wengine nao wapate nafasi. Derby, mita 2,400, ni ya wenye miaka mitatu. St Leger ni ndefu zaidi, na mwaka 1926 ilichukuliwa na Wise Child, jike mwenye kano dhaifu aliyeandaliwa na Beryl Markham, binti aliyelelewa Njoro. Miaka kumi baadaye Markham aliruka peke yake juu ya Atlantiki kwa ndege, lakini alirudi kwa farasi, akafariki Nairobi 1986.

Miaka ya ubingwa ni michache. Jike aliyeshinda hurudishwa shambani azae. Dume aliyehasiwa huuzwa kwa wachezaji wa polo, shule za upandaji za Karen, au ranchi za Laikipia, ambako hana budi kujifunza upya. Uwanjani aliambiwa akimbie tu; ranchini lazima asimame papo hapo, ageuke na ng'ombe anayegeuka, na angoje hatamu zikiwa zimelegea wakati mchungaji ameshuka kufunga lango. Kule Marekani wanao farasi wa robo maili, waliozalishwa kwa kazi zote mbili. Wa kwetu hufundishwa ukubwani, na baadhi yao huipenda kazi hiyo.

Akitunzwa hufika miaka 25 au zaidi. Kwa umri huo meno yamerefuka yakalala mbele, nyasi kavu zinamshinda kutafuna, na saisi humlowekea pumba kwenye ndoo ya maji ya vuguvugu.