Mkasi na Ungamo: Kazi ya Zac Stuart-Pontier

Mhariri wa filamu hutenda kazi yake faraghani, na jina lake hupita upesi mwishoni mwa picha, watazamaji wakiwa wamekwisha kuinuka vitini. Zac Stuart-Pontier wa Marekani huenda angalibaki hivyo, lau si maneno machache yaliyosemwa msalani. Alikuwa amehariri Catfish (2010), filamu ya kweli juu ya kijana aliyehadaiwa kwa mapenzi ya intaneti, na Martha Marcy May Marlene (2011), ambayo ni hadithi ya kubuni. Basi alipoingia katika habari za jinai alikuwa amezoea kupanga yaliyotukia na yasiyotukia.

Kazi hiyo ilikuwa The Jinx, mfululizo wa sehemu 6 ulioongozwa na Andrew Jarecki na kuonyeshwa na televisheni ya HBO mwaka wa 2015. Ulimhusu Robert Durst, mwana wa ukoo tajiri wa New York. Mkewe alitoweka mwaka wa 1982. Rafiki yake, Susan Berman, aliuawa Los Angeles mwaka wa 2000. Jirani yake akafa mikononi mwake huko Texas mwaka wa 2001, na kwa kifo hicho juri lilimwachilia. Stuart-Pontier alikuwa mmoja wa wahariri, pamoja na Richard Hankin na Shelby Siegel.

Mwaka wa 2012 Jarecki alimhoji Durst na kumwonyesha barua mbili zenye mwandiko mmoja na kosa moja la tahajia. Moja ilikuwa imewapasha polisi habari za maiti ya Berman. Mahojiano yalipokwisha Durst alikwenda msalani, maikrofoni ingali nguoni mwake, akawa akijisemea. Sauti hiyo ilikaa zaidi ya miaka 2 kabla ya kugunduliwa, wala si ajabu, maana kanda zisizo na picha ndizo zinazosikilizwa mwisho. Mfululizo ukamalizikia hapo: Durst anajiuliza amefanya nini, kisha anajijibu kwamba amewaua wote, bila shaka. Siku moja kabla ya kuonyeshwa, tarehe 14 Machi 2015, alikuwa amekamatwa New Orleans.

Mwaka wa 2019 nakala ya maneno yote ilipotokea katika majalada ya mahakama, ilionekana kwamba mpangilio haukuwa huo. Kauli ya kuua ilitangulia, ikiwa katikati ya manung'uniko. Swali lilikuja baadaye, na baina yake zilikuwapo sentensi nyingine. Watengenezaji walijitetea kwamba kauli ile iliwekwa mwisho ili filamu iishe kwa kishindo, na kwamba maana haikupotoshwa. Hoja hiyo haifai kudharauliwa, kwa kuwa kila neno lilitoka kinywani mwa Durst. Hata hivyo, sentensi ikitanguliwa na swali hugeuka kuwa jibu. Mtu anenaye peke yake kwamba amewaua wote yamkini anakiri, na yamkini anakariri watakayomnenea watu. Lakini ajiulizaye na kujijibu amekwisha kuungama. Tena hapakuwa na picha ya uso wake, hata jicho la mtazamaji likatambua mahali palipoungwa.

Durst mwenyewe alipotoa ushahidi mwaka wa 2021 aliishika njia hiyo hiyo: alidai kuwa alikusudia kusema kwamba watu watadhani amewaua wote. Juri halikumsadiki. Hapo kizimbani alikuwa amekubali kwamba barua ile ya maiti aliiandika yeye. Tarehe 17 Septemba 2021 alionekana na hatia ya kumwua Berman, akahukumiwa kifungo cha maisha, akafa Januari 2022. Hukumu hiyo haiwezi kuuhalalisha mpangilio ule, kwani wahariri waliupanga miaka mingi kabla ya juri kukaa.

Stuart-Pontier hakuiacha fani hiyo. Mwaka wa 2016 yeye na Marc Smerling walianzisha Crimetown, podikasti iliyoanza na uhalifu na siasa za mji wa Providence. Mwaka wa 2024 The Jinx ilirudi na sehemu nyingine 6, naye akiwa miongoni mwa watayarishaji wakuu. Humo yasikika mazungumzo ya simu ya Durst aliyoyafanya akiwa kifungoni.