Filamu Haikuwa Bubu

Tumezoea kuziita filamu za zamani zisizo na sauti "filamu bubu". Jina hilo linamdhulumu mtu. Uhispania kulikuwa na explicador, aliyesimama kando ya skrini akiwasimulia watazamaji, wengi wao wasiojua kusoma, nani kamsaliti nani na kwa nini. Japani aliitwa benshi. Uhispania ilipotengeneza filamu yake ndefu ya kwanza yenye sauti, El misterio de la Puerta del Sol, mwaka 1929, kazi ya explicador ilikuwa imefika ukingoni.

Kwetu Eastlands, Nairobi, mambo yakaenda kinyume: filamu ilikuja na sauti yake, tukaipunguza. Ingia kibanda cha video Kayole, Dandora au Mathare: mabati, mabenchi ya mbao, pazia zito mlangoni. Jackie Chan anafungua kinywa, sauti yake inashuka, msimulizi wetu DJ Afro anaingia kwa Kiswahili na Sheng. Teke likitua anaiachia filamu nafasi ilie, kisha anarudi upesi kutangaza vile staring, yaani shujaa wa filamu, atalipiza. Na kibanda kizima kinamwamini.

Huyu tumwiteje? Kenya tunasema dijei, Uganda vijei. Tanzania, alikovuma kwa kazi hii marehemu Lufufu, filamu hizi huitwa zilizotafsiriwa. Hakuna jina linalomtosha. Dijei kazi yake ni muziki. Mtafsiri amefungwa na maneno ya mwenzake, ilhali huyu huongeza, hukata, hutania, humwonya staring kwamba adui amejificha nyuma ya mlango.

Wala si msomaji wa maelezo tu. Maelezo ya namna hiyo tulishayasikia: kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri, Tanganyika, mradi wa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza filamu za mafunzo, maelezo ya Kiswahili na lugha nyingine yakirekodiwa kwenye santuri na kupigwa sambamba na picha. Sauti ile ilifundisha kilimo na usafi. Haikutamba.

Na hapo ndipo jina lilipo. Anayesimulia ngano kwa mbwembwe, akazigeuza sauti na kuitia hadithi chumvi, Kiswahili humwita mtambaji. Fanani lingefaa pia, ila ni pana mno, humbeba hata mwimbaji. Explicador, benshi na DJ Afro ni watambaji wa filamu.

Wahariri wa kamusi na walimu wa fasihi simulizi, mwandikeni hivyo: mtambaji wa filamu.