Kura tatu za 1958: mtego uliomnasa aliyeutega

Leo Mtanzania akiingia kupiga kura, kila karatasi inamtaka achague mtu mmoja tu: rais mmoja, mbunge mmoja, diwani mmoja. Uchaguzi wa kwanza wa Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika, uliofanyika kwa awamu mbili, Septemba 1958 na Februari 1959, haukuwa hivyo. Kila jimbo lilitoa wajumbe watatu, yaani Mwafrika, Mwasia na Mzungu, na mpiga kura alilazimika kuwachagua wote watatu kwa mpigo. Akimruka hata mmoja, kura yake nzima ilihesabiwa kuwa imeharibika.

Utaratibu huo uliitwa kura tatu. Ulitokana na siasa ya Gavana Edward Twining ya kuyapa mataifa hayo matatu viti sawa, ilhali Waafrika walikuwa zaidi ya milioni 8 na Wazungu wapatao elfu 20. Juu ya hayo, haki ya kupiga kura ilifungwa kwa masharti ya kipato cha pauni 150 kwa mwaka, elimu au wadhifa. Serikali ilitaraji chama cha UTP, kilichoundwa 1956 kuhubiri siasa hiyo ya mataifa mengi, kinufaike.

Wanachama wa TANU, chama kilichokuwa kikidai uhuru, waliuchukia mpango huo, na wengi walitaka chama kiususie. Suala likafikishwa kwenye mkutano mkuu wa Tabora, Januari 1958. Rais wa chama, Julius Nyerere, aliwasihi wajumbe wakubali kuingia: wakisusa, UTP ingetwaa viti bila jasho na kuzungumza kwa niaba ya nchi. Hoja yake ikashinda, na uamuzi huo ukaingia katika historia kwa jina la Uamuzi wa Busara. Zuberi Mtemvu, mmoja wa viongozi wa TANU, hakuridhika. Alijitoa na kuanzisha chama chake, African National Congress.

Wajumbe waliokubali kushiriki walikuwa wamepiga hesabu vizuri. Sheria ilimlazimisha Mwafrika kumchagua Mzungu, lakini haikuweza kumchagulia Mzungu gani. Palipokuwa na wapiga kura wengi Waafrika, wao ndio wangeamua nani awe mjumbe wa Kiasia na nani wa Kizungu. TANU ilikuwa bado chama cha Waafrika peke yao, lakini ikatafuta wagombea wa mataifa mengine waliokubaliana nayo na kuwaambia wafuasi wake wawape kura zao mbili zilizobaki.

Wagombea wa TANU na wale iliowaunga mkono walifagia viti. Barazani wakaingia Derek Bryceson, Amir Jamal, Lady Chesham na Sophia Mustafa, ambaye baadaye aliandika kitabu kuhusu siasa za miaka hiyo, *The Tanganyika Way*. UTP haikudumu. Julai 1959 Bryceson na Jamal waliteuliwa mawaziri pamoja na Waafrika watatu.

Kura tatu ziliondolewa kabla ya uchaguzi wa Agosti 1960, ambapo TANU ilipata viti 70 kati ya 71. Uhuru ukaja 9 Desemba 1961. Kisa hiki kinaonyesha kuwa kanuni za uchaguzi si mambo ya makarani peke yao. Ndizo zinazoamua sauti ya nani isikike. Kila zinapojadiliwa upya, mwananchi azisome kwanza, kama walivyozisoma wajumbe wa Tabora.