Mzee Majuto Bandani Kwetu

Wengi wetu tuliokulia Mbinga, Litembo, Liuli au Mbamba Bay hatukuwahi kuingia jumba la sinema. Tulichokuwa nacho ni banda la video: kuta za mabanzi, mabenchi, jenereta likinguruma nyuma, na ubao mlangoni wenye jina la filamu ya jioni kwa chaki. Umeme wa gridi ya Taifa ulifika Songea mwaka 2018. Kabla ya hapo, mara nyingi mafuta ya jenereta ndiyo yaliyoamua kama tutaona mwisho wa hadithi. Msimu wa kahawa banda lilijaa mpaka watoto wakakaa chini.

Jina moja halikukaa muda mrefu bila kurudi ubaoni: King Majuto.

Amri Athumani, ndilo jina lake hasa, alizaliwa Tanga mwaka 1948, na uigizaji wake huhesabiwa tangu 1958, akiwa bado mtoto. Tukumbuke kwamba Tanzania Bara haikuwa na televisheni mpaka mwaka 1994. Kwa hiyo zaidi ya nusu ya kazi yake ilipita kabla ya skrini kuingia majumbani mwetu. Filamu za Bongo ziliposhamiri miaka ya 2000, yeye alikuwa mtu mzima wa miaka zaidi ya hamsini, na vijana ndio waliokuwa wakipendana kwenye hadithi. Majuto alikuwa baba mkwe, mjomba, mzee wa nyumba. Anaingia, anagombana juu ya jambo dogo kabisa, anatoka. Na banda zima limeshasahau msichana alikuwa analia nini. Sisi ambao nyumbani tulisema Kimatengo au Kinyasa tulikibeba Kiswahili chake cha Tanga mpaka shuleni, tukachapwa kwa kupiga kelele.

Kiingilio tulimlipa mwenye banda. Yeye alinunua CD moja, mara nyingine ya kuchoma, iliyoteremshwa na basi kutoka Songea, akaionyesha mpaka ikakwaruzika. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilikuwepo tangu 1999, lakini hatumkumbuki mtu aliyeitaja pale bandani. Wala sisi hatukuuliza.

Mwaka 2018 mzee aliugua, akapelekwa India kutibiwa. Hapo ndipo nchi ilipoanza kuzungumzia mikataba ya mtu aliyetuchekesha kwa miaka sitini, na Waziri mwenye dhamana ya sanaa, Dk. Harrison Mwakyembe, akaunda kamati ya kuipitia mikataba ya wasanii. Majuto alifariki Muhimbili tarehe 8 Agosti mwaka huohuo, akazikwa kwao Tanga.

Kwa nini habari za mtu wa Tanga ziwe kwenye kitabu cha harambee yetu? Kwa sababu siku hizi wanaopigwa picha ni watu wetu. Vikundi vya mganda na kioda vya huku ziwani hurekodiwa harusini na kwenye sherehe, kisha video zinazunguka kwenye simu bila hata jina la mpiga ngoma. Wazee wanacheza, wanapewa soda, wanarudi nyumbani.

Katika bajeti ya mwaka huu tumeweka fungu dogo la kumlipa mwanasheria aandike mkataba wa kurasa mbili, kwa Kiswahili chepesi, ambao kikundi chochote kitauweka mezani kabla kamera haijawashwa, na kuandikisha majina ya wachezaji kijiji kwa kijiji. Fungu hili ndilo lililobishaniwa kuliko yote vikaoni. Wapo wenzetu waliosema bati za zahanati zina haraka zaidi, na hatuwezi kusema wamekosea. Bati nazo zimo, ukurasa unaofuata. Lakini baadhi ya wapiga ngoma hao wameshapita miaka sabini, na wawili kati ya waliokuwa kwenye orodha yetu ya kwanza tumeshawazika.

Fomu ya ahadi iko ukurasa wa mwisho. Anayetaka mchango wake uende kwenye fungu hili aandike tu neno "mganda" pembeni ya kiasi.