Akili bandia: namna inavyogusa kazi, udongo na jamii zetu

Akili bandia (kwa Kifaransa watu hufupisha IA) ni jina la programu za kompyuta zinazofanya kazi ambazo zamani zilihitaji akili ya mtu: kusoma maandishi, kutambua sura katika picha, kutafsiri, kujibu maswali, kutunga barua. Si roho, wala si mtu. Programu hupewa mifano mingi sana ya maandishi, picha na sauti, mpaka inajifunza ni kitu gani kwa kawaida hufuata kingine. Ndiyo maana inaweza kutoa jibu zuri, na inaweza pia kusema uongo kwa lugha ileile nzuri. Inatafuta maneno yanayofaa kufuatana. Kupima kama jambo ni la kweli ni kazi nyingine.

Jina hili lilianza kutumika Marekani katikati ya miaka ya 1950, lakini watu wengi walilisikia mara ya kwanza baada ya tarehe 30 Novemba 2022, kampuni ya OpenAI ilipofungulia watu wote programu ya ChatGPT. Leo wanafunzi wa Goma, Bukavu, Bunia na Lubumbashi wanaitumia katika simu zao. Basi inafaa waamini wajue inatoka wapi na inaleta nini.

Kazi za watu

Mwezi wa Januari 2024, Shirika la Fedha la Kimataifa (IMF) lilikadiria kwamba karibu 40% ya kazi duniani zinaguswa na akili bandia. Katika nchi tajiri ni karibu 60%. Katika nchi maskini ni 26%. Kuguswa si kufutwa: kazi nyingine zitakuwa nyepesi na za haraka zaidi, nyingine zitapungua.

Kwa nini nchi maskini zinaguswa kidogo? Kwa sababu watu wetu wengi wanaishi kwa jembe, soko, pikipiki na chimbo, na programu ya kompyuta hailimi. Lakini tusifurahi upesi. Anayeguswa kidogo na hasara anaguswa kidogo na faida pia. Bila umeme, bila intaneti ya bei nafuu na bila shule nzuri, nchi tajiri zitazidi kwenda mbele na sisi tutabaki nyuma. Tena, wanaoguswa kwanza kwetu ni vijana waliosoma kwa shida: makarani, watafsiri, wanaoandika ripoti za mashirika. Mzazi aliyeuza ng'ombe ili mtoto apate diploma ana haki ya kujiuliza diploma ipi itafaa kesho.

Mikono isiyoonekana

Akili bandia haijifunzi peke yake. Watu hukaa mbele ya kompyuta wakitia alama: picha hii ni mti, maneno haya ni matusi. Kazi kubwa ya namna hii imefanywa Nairobi, Kenya. Mwezi wa Januari 2023 gazeti la Time la Marekani lilieleza kwamba wafanyakazi huko, wakilipwa chini ya dola 2 kwa saa, walisomeshwa maandishi ya mauaji, mateso na unajisi wa watoto, ili ChatGPT ijifunze kuyakataa. Baadhi yao walisema kazi hiyo iliwaumiza rohoni. Usafi wa jibu tunalolipata katika simu umelipiwa na kijana wa Kiafrika aliyesoma uchafu wote kwa niaba yetu. Mtume Yakobo, katika sura ya 5 ya waraka wake, anaonya juu ya mshahara wa wafanyakazi uliozuiliwa. Neno hilo halijazeeka.

Jiwe la kwetu

Mashine hizi zina mwili, na sehemu ya mwili huo inatoka kwetu. Koltani hutoa tantalamu, ambayo hutumika kutengeneza vipande vidogo vinavyotunza umeme ndani ya simu na kompyuta. Kasiteriti hutoa bati la kuunganisha vipande hivyo. Shaba ya Lualaba na Haut-Katanga hubeba umeme. Kobalti huingia katika betri, na Kongo peke yake hutoa zaidi ya nusu ya kobalti yote ya dunia.

Machimbo ya Rubaya, katika eneo la Masisi, yanakadiriwa kutoa karibu 15% ya tantalamu ya dunia. Huko wachimbaji hufanya kazi kwa mikono, na zaidi ya mara moja udongo umeporomoka ukawafunika. Ripoti za wataalamu wa Umoja wa Mataifa zimeonyesha kwa miaka mingi namna biashara ya madini ya Kivu inavyolisha vikundi vyenye silaha. Vita vyetu vina sababu nyingi na vilikuwako kabla ya akili bandia. Lakini mashine zikihitajika zaidi, jiwe nalo litatafutwa zaidi. Asipopata faida anayelichimba, atabaki na kaburi tu.

Kuna pia umeme. Shirika la Kimataifa la Nishati limeeleza kwamba mwaka 2024 majumba ya kompyuta kubwa yalitumia karibu 1.5% ya umeme wote wa dunia, na kwamba kiasi hicho kinaweza kuzidi mara mbili kufikia 2030. Wakongo walio wengi bado wanawasha taa ya mafuta au tochi.

Faida zilizopo

Haifai kuona ubaya tu. Iko programu ya simu inayoitwa Nuru, iliyotengenezwa na chuo kikuu cha Penn State cha Marekani pamoja na FAO na watafiti wa IITA. Mkulima anaelekeza kamera kwenye jani la muhogo, na programu inamwambia kama lina ugonjwa wa batobato au michirizi. Inasema Kiswahili, na inafanya kazi hata pasipo intaneti. Kwa nyumba zinazoishi kwa sombe na bugali, hilo si jambo dogo.

Katika afya, tangu 2021 Shirika la Afya Duniani limekubali programu zinazosoma picha za mapafu kutafuta dalili za kifua kikuu kwa watu wa miaka 15 na zaidi. Zinafaa sana mahali ambapo daktari wa kusoma picha hayuko. Katika lugha, programu za kutafsiri sasa zinajua Kiswahili na Lingala, ingawa bado zinakosea. Kiswahili chetu cha Kivu na Katanga hazikielewi vizuri, kwa sababu kimeandikwa kidogo.

Hatari ya uongo

Leo mtu anaweza kutengeneza sauti ya mchungaji, ya mkubwa wa jeshi au ya mtoto wako, ikisema maneno ambayo hakuyasema kamwe. Mahali pa vita, sauti moja ya uongo katika kundi la WhatsApp inaweza kukimbiza kijiji kizima usiku, au kuchochea kabila moja juu ya lingine.

Mambo ambayo kanisa linaweza kufanya

Kwanza, usipeleke mbele habari ya kutisha kabla ya kumpigia simu mtu unayemjua aliye mahali penyewe. Pili, ukisikia sauti ya ndugu ikiomba pesa za haraka, kata, kisha mpigie wewe kwa namba yake ya siku zote. Tatu, usiandike ndani ya programu hizi siri za washirika: ugonjwa, ungamo, majina ya walionajisiwa. Nne, walimu wa shule zetu wafundishe watoto kuuliza na kuhakikisha, si kunakili jibu. Tano, mhubiri asichukue mahubiri yaliyotungwa na mashine na kuyaleta kama yake. Mashine haijui ni nani aliyefiwa juma hili katika kusanyiko lake.

Mwisho, wenye nafasi ya kusema na wakubwa wa nchi na makanisa rafiki ya ng'ambo waendelee kuuliza: jiwe hili limetoka katika chimbo gani, nani amelichimba, amelipwa nini? Wanaouza mashine za akili nyingi hawakosi akili ya kujibu swali hilo.