Fanki: filamu wanazo wenzetu, kina Sunburst wetu je?

Kuna swali linarudi kila tukianza kubishana mambo ya muziki huku kwetu Mnyuzi: hivi fanki ni kitu gani hasa, na mtu akitaka kuijua kwa kuangalia filamu aanzie wapi? Nimeona nikusanye mambo mahali pamoja, ili ukiwa kafe umelipia nusu saa usiimalize kwa kutafutatafuta. Ila nasema mapema, mwishoni nina la kwetu, na ndilo linaloniuma.

FANKI NI NINI

Baba wa fanki ni James Brown wa Marekani. Alianza na soul, lakini katikati ya miaka ya 60 akaanza kuvigeuza vyombo vyote kuwa kama ngoma. Gitaa likaacha kubembeleza, likawa linakwaruza. Besi ikatoka nyuma ikaja mbele. Tarumbeta na saksafoni zikapigwa kwa mkato, pa! halafu kimya. Na katika ile hesabu ya moja-mbili-tatu-nne, uzito wote ukawekwa kwenye moja. Sikiliza "Papa's Got a Brand New Bag" ya 1965, halafu "Cold Sweat" ya 1967, utaona jinsi mzee alivyokuwa akipunguza mapambo na kuongeza mdundo.

Baada yake wakaja Sly and the Family Stone, bendi iliyochanganya weusi na weupe, wanaume na wanawake. Kisha George Clinton na makundi yake mawili, Parliament na Funkadelic, ambao mtindo wao unaitwa P-Funk. Likumbuke hilo jina, tutalirudia. Kule Nigeria Fela Kuti na mpiga drams wake Tony Allen wakachukua fanki, wakaichanganya na highlife na jazi, ikazaliwa Afrobeat.

FILAMU ZA KUTAFUTA

"Get On Up" (2014). Hii ni ya kuigiza, maisha ya James Brown kuanzia utoto wa dhiki. Anayemwigiza ni Chadwick Boseman, yule yule wa "Black Panther", aliyefariki 2020. Kwenye nyimbo unasikia sauti ya James Brown mwenyewe, lakini miguu inayocheza ni ya Boseman. Jamaa alijituma.

"Mr. Dynamite" (2014). Mtu huyo huyo, lakini hapa hakuna kuigiza. Wanaongea wanamuziki waliokuwa nyuma yake. Ukiwa na muda wa filamu moja tu, mimi nasema chukua hii.

"Finding Fela" (2014). Maisha ya Fela, siasa zake na ugomvi wake na wanajeshi.

"Summer of Soul" (2021). Tamasha la Harlem, New York, la kiangazi cha 1969. Sly and the Family Stone wamo. Picha zilipigwa, halafu zikakaa stoo karibu miaka 50. Zilipotoka, filamu ikachukua tuzo ya Oscar mwaka 2022. Mwelekezi wake, Questlove, mwaka 2025 akatoa nyingine, "Sly Lives!", kuhusu Sly Stone. Sly mwenyewe alifariki Juni mwaka huo huo.

"Soul Power" (2008). Hii inatuhusu zaidi. Ni tamasha la Kinshasa, Septemba 1974, lililoandaliwa kusindikiza pambano la Muhammad Ali na George Foreman. James Brown alipanda jukwaani, Miriam Makeba naye, na Franco na OK Jazz yake pia. Lakini angalia kitu kimoja: rekodi za wanamuziki wa Kiafrika wa tamasha lile zilitolewa kama albamu mwaka 2017. Miaka 43! Franco alikwishafariki 1989, Makeba 2008, Tabu Ley 2013.

MWAKA 1969 KWETU ULIKUWAJE

Sasa tuje nyumbani. Wakati Harlem wanarusha tamasha, Tanzania tulikuwa kwenye Operesheni Vijana. Umoja wa Vijana wa TANU uliitangaza mwishoni mwa 1968, ikaanza kazi Januari 1969: marufuku sketi fupi, marufuku mawigi, marufuku suruali za kubana. Novemba 1969 ikaja zamu ya muziki. Mkuu wa mkoa wa Pwani, ambao wakati huo ulikuwa na Dar es Salaam ndani yake, akapiga marufuku soul jijini. Hoja ilikuwa utamaduni na maadili.

Mwezi ule ule wa Novemba 1969, James Brown aliingia studio huko Cincinnati akarekodi "Funky Drummer". Katikati ya wimbo aliwaambia wenzake wanyamaze, mpiga drams Clyde Stubblefield akabaki peke yake kwa sekunde chache. Zile sekunde zimekuja kukatwa na kuwekwa kwenye nyimbo zaidi ya elfu moja za rapu, R&B na pop. Tuliufungia mlango, mdundo ukapita dirishani.

Na vijana wa Bongo hawakukoma. Kulikuwa na bendi kama The Rifters, The Sparks na The Barkeys. Hiyo ya mwisho ilichukua jina la kundi la Memphis, baadaye ikajiita Tanzanites. Dansi zao za Jumapili mchana ziliitwa bugi. Patrick Balisidya na Afro 70 yake walitia ladha hiyo kwenye Kiswahili, wakaiwakilisha nchi kwenye FESTAC kule Lagos mwaka 1977, na mwaka 1979 ikatoka albamu waliyofanya na Waswidi wa Archimedes Badkar, "Bado Kidogo".

Walioizamia fanki kabisa ni Sunburst wa Dar es Salaam, mwimbaji wao James Mpungo. Besi nzito, gitaa la kukwaruza, na maneno ya Kiswahili. Albamu yao "Ave Africa" ilitoka 1976. Ukiisikia leo utadhani imerekodiwa juzi. Kenya walikuwepo Matata, waliohamia London wakipiga fanki waziwazi kwa mtindo wa James Brown, na Mombasa alikuwepo Slim Ali na Hodi Boys.

ILIVYORUDI KWA MLANGO WA NYUMA

Vijana wa sasa wengi wanadhani Bongo Fleva haina undugu na haya. Upo. Rapu ya Marekani ilijengwa kwa vipande vya rekodi za fanki. Dr. Dre alipotoa "The Chronic" mwaka 1992, sehemu kubwa ya midundo ile ilikuwa ya George Clinton. Kanda zile zikafika Dar, vijana wakaanza kughani. Kwanza Unit wakaundwa 1993. Na prodyuza aliyetengeneza nusu ya nyimbo tulizokua nazo, yule wa Bongo Records aliyemfanyia kazi Professor Jay na Juma Nature, anaitwa nani? P-Funk Majani. Jina ni lile lile la mtindo wa Clinton. Kilichofukuzwa Dar mwaka 1969 kikawa jina la prodyuza wa Dar miaka thelathini baadaye.

LINALONIUMA

Clyde Stubblefield alifariki 2017. Zile sekunde zake ziliwatajirisha watu wengi, lakini yeye hakuwa na haki yoyote kwenye wimbo ule, kwa sababu aliyeandikwa mtunzi ni James Brown. Walau yeye alihojiwa, sura yake ipo kwenye filamu, dunia inajua ni mikono ya nani.

Wa kwetu je? "Ave Africa" ilitolewa upya mwaka 2016 na kampuni ya London, Strut. Nashukuru, maana bila wao nisingeisikia. Lakini filamu ya Sunburst iko wapi? Ya Balisidya, aliyefariki 2004? Ya Marijani Rajabu, aliyefariki 1995? Zambia wenzetu wameweza: Jagari Chanda wa bendi ya WITCH alipata filamu yake, "We Intend to Cause Havoc", mwaka 2019, akiwa hai, na bendi ikarudi jukwaani. Zanzibar Bi Kidude alipata "As Old as My Tongue" mwaka 2006, naye akiwa hai. Kwa hiyo haishindikani.

Msiniambie pesa. Filamu huanza na mtu kuuliza maswali kabla mzee hajaondoka. Na hapa sisemi Dar tu. Mnyuzi ndipo reli ya Tanga inapokutana na ile ya kutoka Ruvu iliyojengwa 1963. Tanga palikuwa na Atomic Jazz na Jamhuri Jazz. Hao walipiga dansi, sio fanki, lakini shida ni ile ile: tunalijua jina la bendi na la mwimbaji, tukiulizwa nani alipiga drams tunakodoa macho.

Kwa hiyo ukikaa na mzee aliyewahi kupiga, au kucheza kwenye bugi, au hata kubeba spika tu, washa simu, mrekodi. Muulize haya:

1. Nani alipiga nini? Majina kamili, hasa drams na besi.
2. Vyombo vilikuwa vya nani, na viliishia wapi?
3. Mlirekodi wapi, mwaka gani, mlilipwa nini?
4. Mlipokatazwa, mlifanyaje?
5. Kuna picha au santuri yoyote imebaki ndani?

Hilo la tano usilipuuze. Picha za Harlem zilikaa stoo karibu miaka 50 na zikapona. Kwetu stoo ina mchwa.

Mwenye baba, mjomba au jirani aliyepitia bendi hizi, aandike hapo chini jina la bendi na mwaka, tuanze orodha. Na wewe unayesoma hii ukiwa kafe, kabla dakika hazijaisha itafute "Ave Africa", vaa spika za masikioni, isikilize mpaka mwisho.

Tuko pamoja.