Sherehe ya Tank Hill, 1963: ndani ya geti ni mambo ya nani?

Wengi wetu tunaoishi Kabalagala, Nsambya na Makindye tunapita kila siku chini ya kilima cha Muyenga. Watu bado wanakiita Tank Hill, kwa ajili ya matangi ya maji yaliyo kule juu. Mageti ya huko ni marefu, na sisi tukipanda mara nyingi ni kwa kazi: kufua, kulinda, kupeleka mzigo kwa boda. Kuna usiku mmoja wa kilima hicho ambao hata wenzetu waliozaliwa hapa hawaujui.

Ilikuwa Desemba 1963. Uganda ilikuwa na uhuru tangu tarehe 9 Oktoba 1962, yaani mwaka mmoja na kidogo tu, na Kenya ilikuwa inapata wake tarehe 12. Wakati huohuo kundi la wazungu, wengi wao Waingereza, wakafanya sherehe pale Tank Hill. Walikuwa wanasherehekea eti mwisho wa "mzigo wa mzungu", maneno yaliyopata umaarufu kwa shairi la Kipling la 1899, kwamba kututawala sisi ni kazi nzito aliyobebeshwa mzungu. Humo ndani wakaigiza na kuwacheka Waafrika, hao hao ambao sasa ndio serikali.

Habari ikatoka nje. Sisi hatushangai. Nyumba za aina ile zilikuwa na wapishi, maboi na askari wa usiku. Anayebeba sahani ana masikio, ila mwenye nyumba alizoea kumuona kama kiti.

Hasira ikawa kubwa. Mambo yakafika Bungeni, na serikali ya waziri mkuu Milton Obote ikafukuza baadhi ya wahusika nchini.

Sasa, mtu anaweza kusema: si ilikuwa nyumbani kwa watu? Kila mtu ana haki ya kucheka sebuleni kwake. Ndiyo, lakini tukumbuke mji wenyewe ulivyokuwa. Miaka yote ya ukoloni wazungu walikuwa na klabu zao, Mwafrika akiingia ni kwa mlango wa jikoni. Waliziita za binafsi. Kumbe pale mezani wanakaa afisa wa serikali, meneja wa benki na mfanyabiashara, na wakimaliza glasi ya pili kazi imeshapata mtu. Hiyo ni ofisi bila kibao mlangoni. Kwa hiyo Waganda waliosikia kicheko cha Tank Hill hawakusikia utani wa jirani, walisikia kicheko cha watu waliozoea kupanga maisha yao kwa siri.

Lakini sisi wakimbizi hatuwezi kupiga makofi tu. Kufukuzwa nchini kwa amri ya serikali, bila kesi kusikilizwa, tunajua harufu yake. Tarehe 4 Agosti 1972 Idi Amin akatangaza kuwafukuza Waasia, akawapa siku 90, na hao hawakuwa wamecheka mtu kwenye sherehe yoyote. Wa 1963 walikosa adabu, hilo halina ubishi. Ila serikali ikizoea dawa hiyo, haimuulizi tena mgonjwa anaumwa nini.

Na tusiongee kama haya ni ya wazungu peke yao. Tuna mutualité za kabila, tuna mikutano ya Jumapili ya watu wa kijiji kimoja, tuna magrupu ya WhatsApp ambayo ukiongea na lafudhi nyingine unatolewa. Mengi yanasaidia kwelikweli: yanazika, yanalipa hospitali. Lakini humo humo ndimo nafasi za mafunzo na za kazi ya ukalimani zinagawanywa kabla tangazo halijabandikwa, na humo humo wenzetu wa kabila lingine wanaigizwa na kuchekwa. Wafanyakazi wa mashirika mnaotusoma, orodha ya majina mnayoletewa na kiongozi wa jumuiya, muulizeni iliandikwa kwenye mkutano gani, na nani alikuwa na ruhusa ya kuingia.